Terminator: Dark Fate (2019): dakika za mwanzo zilizonivunja moyo, na kwa nini bado zinaniuma

#1 – Mleta uzi

Wakuu, salaam. Uzi ni mrefu, na siri zote za muvi zimo humu. Ambaye hajaiangalia na anataka kuiangalia aishie hapa, maana naanza na kile kinachotokea mwanzoni kabisa.

Mwaka 1998, baa ya ufukweni huko Guatemala. Sarah Connor na mwanawe John wamepumzika. Vita yao na mashine zilizotumwa kutoka wakati ujao kumuua John, atakayekuja kuwaongoza binadamu dhidi yake, imekwisha: ile tarehe ya 29 Agosti 1997, ambayo mabomu ya nyuklia yalikuwa yaue watu bilioni 3, imepita na dunia ipo palepale. Mara inaingia mashine yenye sura ya Schwarzenegger wa enzi zile. Inamfuata mtoto, inampiga shotgun, inageuka na kuondoka zake. Sarah anabaki na mwanawe mikononi. Halafu tunarushwa zaidi ya miaka 20 mbele, Mexico City, tunatambulishwa kwa watu wapya.

Nimeirudia muvi hii mara tatu tangu itoke. Ya kwanza niliangalia kwa hasira. Ya pili nilitaka kuitendea haki. Ya tatu nilikaa na daftari kabisa, niandike panaponikwaza. Kila mara narudi palepale, kwenye ile baa.

Niseme mapema ili tusipotezeane muda: sidai steringi asife. Kyle Reese, askari aliyetumwa kutoka mbele kumlinda Sarah, alikufa kwenye ile ya kwanza ya 1984, na kifo chake ndicho kilichoipa muvi uzito. Ninacholalamikia ni kwamba kifo cha John Connor kimetumika kama ufagio, kufagia uwanja ili wengine wapate pa kuchezea. Hakuna aliyekililia ndani ya muvi zaidi ya Sarah, na hata Sarah anapewa nafasi ya kumlilia baadaye sana, kwa maneno, akiwa anaelezea wenzake.

Ili mnielewe inabidi nirudi nyuma.

Ile ya pili, Judgment Day ya 1991, niliiangalia miaka ya 90 kwenye kibanda umiza Morogoro. Mabenchi ya mbao, TV moja, deki moja, jenereta inanguruma nje, kiingilio shilingi 50. Mkanda ulikuwa umekopiwa na kukopiwa tena hadi picha ina chenga, na pale kwenye kona ya juu rangi zilikuwa zimehama. Kiingereza chetu kilikuwa cha shule ya msingi. Hakuna aliyetutafsiria. Na bado ilipofika mwisho, pale mashine ya Schwarzenegger, ambayo safari ile ilitumwa kumlinda John, inaposhushwa kwenye chuma kilichoyeyushwa, banda zima lilinyamaza. Watu wazima, makonda, wauza samaki, wote kimya. Kaka yangu aliyekuwa amenilipia aliinama kama mtu anayefunga kamba za viatu. Alikuwa amevaa ndala.

Sasa angalieni kila mtu alilipa nini kwenye ile muvi. Sarah anakwenda nyumbani kwa Miles Dyson, mhandisi ambaye kazi yake ndiyo itakayozaa Skynet, kompyuta itakayoasi na kurusha yale mabomu, akiwa amedhamiria kumuua mbele ya mkewe na mtoto. Anamfikia, amemwelekezea bastola, na kidole kinagoma. Anaporomoka chini analia, kwa sababu ameona kwamba alikuwa karibu kugeuka kuwa kitu kilekile alichokikimbia maisha yake yote. Dyson akishaambiwa ukweli anakubali kuteketeza kazi ya maisha yake, na anakufa akiwa ameshikilia kitu mkononi juu ya kilipuzi, anahema kwa tabu, mpaka mkono unapoishiwa nguvu. Mwisho mashine yenyewe inasema bado kuna chipu moja imebaki, ile iliyomo kichwani mwake. John analia, anaiamrisha isiende. Haiwezi kujiua yenyewe, kwa hiyo ni Sarah anayebonyeza kitufe cha kuishusha. Sarah huyohuyo aliyekuwa anaichukia sura ile kuliko kitu chochote duniani.

Hiyo ndiyo bei iliyolipwa. Na kilichonunuliwa kwa bei hiyo ni kitu kimoja, maisha ya mtoto John na kesho isiyojulikana. Muvi inaishia na barabara usiku, taa za gari zinamulika lami, hatuoni mbele. Ule ndio ulikuwa ushindi wenyewe, kwamba mbele hapaonekani, kwa sababu hapajaandikwa.

Dark Fate inafungua kwa kutuambia kwamba mtoto alidumu miaka mitatu hivi tu baada ya pale.

Nitaendelea kwenye michango, naona tayari kuna mtu anaandika.

#2 – Mdau

Mkuu, nimekusoma vizuri lakini sikubaliani. Muvi haijafuta ushindi wa 1991. Skynet haikuzaliwa. Wale bilioni 3 waliishi. Sarah aliokoa dunia nzima akapoteza mmoja, na huyo mmoja ni mwanawe. Hiyo ni tanzia, siyo dharau. Tena mimi ni mama, na nikimwona Linda Hamilton, anayemcheza Sarah, pale na ule uso uliokauka naona kabisa mtu ambaye ushindi wake haukumsaidia kitu. Nadhani mnaokasirika ni ninyi mliokuwa watoto wa rika la John wakati ule.

#3 – Mleta uzi

Dada yangu, huu ndio mchango niliokuwa nautaka, na nakubali nusu yake bila ubishi. Wazo lenyewe ni kubwa. Mama aliyeiokoa dunia na hakuna anayejua, dunia inamtafuta kama mhalifu, na yule aliyemfanyia yote hayo yupo kaburini. Ningelipia tiketi mara mbili kuiangalia muvi hiyo.

Lakini siyo hiyo tuliyopewa. Muvi ya yule mama ingetuacha kwanza tukae na John mwaka 1998. Tumwone anavyojaribu kuwa mtoto wa kawaida baada ya kulelewa kama askari. Tumwone Sarah anajifunza kulala usingizi bila silaha chini ya mto. Nipe hata robo saa ya amani ndipo uivunje. Pale baa hatukai hata dakika chache, na uso wa Edward Furlong, aliyemcheza John mwaka 1991, umetengenezwa kwa kompyuta na kupachikwa kwenye mwili wa kijana mwingine, kwa hiyo hata yule mtoto tunayeagana naye siyo mtu kamili. Nilipoiangalia mara ya tatu nilisimamisha picha hapo. Macho hayana kitu ndani.

Na kuhusu rika, ni kweli, nilikuwa rika lake. Hilo silikani.

#4 – Mdau

Mimi naomba kukumbusha jambo moja ambalo wengi humu huenda hawalijui. Mwaka 1986 James Cameron, huyuhuyu aliyeongoza Terminator mbili za kwanza, aliongoza Aliens. Muvi nzima Ripley anahangaika kumwokoa mtoto wa kike anaitwa Newt, mwishoni anarudi peke yake kwenye kiota cha madude kumtoa. Wanatoka salama wanne: Ripley, Newt, askari Hicks na yule roboti Bishop. Mwaka 1992 ikaja Alien 3, mwongozaji mwingine, David Fincher, ndiyo muvi yake ya kwanza. Kabla hadithi haijaanza, Newt na Hicks wamekufa wakiwa usingizini ndani ya chombo. Cameron alilalamika hadharani, aliona ni kuwakosea heshima watazamaji waliowapenda wale watu.

Sasa Dark Fate yeye ndiye prodyuza na mmoja wa walioitunga hadithi.

#5 – Mleta uzi

Mkuu, umenipokonya mdomoni. Na ongezea hili: aliyecheza Hicks ni Michael Biehn, yuleyule aliyecheza Kyle Reese, baba yake John. Kwa hiyo kwenye misururu miwili tofauti mwendelezo unafunguliwa kwa kufagia familia ambayo muvi iliyotangulia iliijenga kwa jasho.

Hili ndilo linaloniuma zaidi kuliko yote, kwa sababu huwezi kusema Cameron hakujua. Alijua maumivu yake vizuri kuliko mtu yeyote. Na hakuliruka wala kumtupia mwongozaji Tim Miller, alilitetea mwenyewe kwenye mahojiano: alitaka watazamaji wavutiwe zulia chini ya miguu mapema, wasijue tena hadithi inaelekea wapi.

Basi kama lengo lilikuwa tusijue inaelekea wapi, tuangalie ilikoelekea. Mashine inatumwa kutoka mbele kuja kumuua mtu wa kawaida ambaye hajui kwamba ni muhimu. Anatumwa mlinzi kuja kumwokoa. Wanakimbia kwa gari, adui anawafuata na gari kubwa zaidi. Wanaungana na mashine ya zamani. Wanapigana kwenye jengo lenye mitambo, mlinzi anakufa, mashine nzuri inajitoa mhanga. Hiyo ni 1984 na 1991 zimechanganywa sufuria moja. Skynet sasa inaitwa Legion. John sasa anaitwa Dani Ramos. Ukimwondoa mtu ili hadithi iende njia mpya, halafu ukairudisha kwenye njia ileile kwa jina lingine, ulimwondoa kwa ajili ya nini?

#6 – Mdau

Kaka, hapo kwa Dani umeonea. Natalia Reyes alicheza vizuri, na kuna jambo jipya: wote tulidhani atakuwa mama wa mkombozi kama Sarah, kumbe mkombozi ni yeye mwenyewe. Hilo lilinifurahisha sana. Tena ile sehemu ya kiwandani Mexico City, kaka yake anafika kazini anakuta roboti imewekwa kwenye nafasi yake, hiyo ni hofu ya leo ya watu halisi.

#7 – Mleta uzi

Kiwandani nakuunga mkono asilimia zote. Ile ndiyo sini bora ya hadithi, kwangu mimi. Hakuna risasi hata moja, kijana anaambiwa tu kazi yake imechukuliwa na mkono wa chuma, na tunajua kabisa mkono huo ni babu wa nani. Kama muvi ingekaa pale! Muvi za mashine kuchukua dunia zilianza na nyuklia kwa sababu 1984 watu walikuwa wanalala na hofu ya nyuklia. Mwaka 2019 hofu ilikuwa imeshahamia kwenye kazi, kwenye mipaka, kwenye kamera. Kuna hata kile kituo cha kuzuilia wahamiaji mpakani mwa Marekani, ambapo adui anaingia kirahisi kabisa kwa sababu amevaa sare na ana mamlaka. Mbegu zote zilikuwepo. Walizitupa juu ya lami wakakimbilia kwenye ndege.

Kuhusu Dani, sina neno na mwigizaji. Hoja yangu ni kwamba tunaambiwa ni kiongozi, hatumwoni akiongoza. Sarah wa 1984 alikuwa mhudumu wa mgahawa aliyeogopa, tukamwona akimburuza Kyle aliyejeruhiwa na kumfokea ainuke kama askari. Ilituchukua muvi nzima kufika pale, na tulifika naye. Dani anabadilika kati ya sini na sini.

Grace wa Mackenzie Davis, yule mlinzi aliyetumwa kumwokoa Dani, ndiye aliyenishika. Mwili wake umeongezewa nguvu lakini unazimika baada ya muda mfupi, anahitaji dawa, anatetemeka kama mgonjwa wa malaria. Mlinzi anayeweza kuanguka wakati wowote, hilo ndilo wazo jipya la kweli kwenye muvi nzima.

#8 – Mdau

Na Carl? Mimi nilimpenda sana. Ile mashine iliyomuua John imemaliza kazi yake, haina amri nyingine, inaishi Texas na mwanamke na mtoto wake, inashona na kufunga mapazia.

#9 – Mleta uzi

Nilimpenda pia, na hapo ndipo roho yangu inapogawanyika. Carl ni wazo zuri mno. Miaka yote hiyo ndiye aliyekuwa akimtumia Sarah ujumbe wa siri kwenye simu, mahali na muda ambapo mashine nyingine itatokea, na mwishoni anaandika kwamba ni kwa ajili ya John. Anajaribu kumpa sababu ya kuishi mama aliyemuulia mtoto. Sasa fikirini Sarah anapofika mlangoni na kumkuta muuaji wa mwanawe ana familia. Hiyo sini ilipaswa kuwa nzito kiasi cha mtu kushindwa kupumua. Inaanza hivyo, kisha inageuzwa kuwa maongezi ya rangi ya mapazia, ukumbi ucheke.

Mimi nilikuwa Dar ukumbini siku hiyo. Watu walicheka. Sikuwalaumu. Lakini nilimtazama Linda Hamilton usoni kwenye kioo kile kikubwa, mwanamke wa zaidi ya miaka 60 aliyekataa kurudi kwenye ile ya 2003 na safari hii akarudi kwa mazoezi makali, na yeye hakuwa anacheka. Alikuwa bado yupo kwenye muvi ile nyingine, ile niliyomweleza dada wa #2.

Sasa niseme habari ya mapigano, maana hizi ni muvi za mapigano na wengine mmekuja kwa ajili hiyo.

Kuna kipande kwenye ile ya 1991 ambacho nakiona ni shule nzima. T-1000, ile mashine ya majimaji inayomwinda John, yupo kwenye korido ya hospitali ya wagonjwa wa akili, mbele yake kuna nondo. Anapita katikati ya nondo kama uji, uso unagawanyika na kuungana upande wa pili. Halafu anakwama. Bastola aliyoshika mkononi ni chuma cha kawaida, imegonga nondo. Anaigeuza upande, inapita, anaendelea na safari. Ni sekunde moja tu. Lakini hiyo sekunde ndiyo inayoifanya akili ikubali kila kitu, kwa sababu imetuwekea sheria: yeye ni majimaji, bastola siyo. Picha za kompyuta kwenye muvi ile ni za dakika chache tu, na bado ilichukua Oscar nne, mojawapo ya picha za kitaalamu.

Rev-9, mashine adui wa Dark Fate, kwenye karatasi ni hatari zaidi. Ngozi yake ya majimaji inaweza kujitenga na mifupa, wakawa maadui wawili. Gabriel Luna anamcheza kwa upole unaotisha, anaomba samahani, anatabasamu. Lakini hakuna mahali anapokwama. Anaungua, anakatika, anagongwa na lori, anaanguka kutoka angani, anasimama tena hana hata mkwaruzo. Mtu asiyekwama hatishi. Na pale kwenye ndege kubwa ya jeshi, usiku, watu wanaelea ndani yake inapoanguka, nimerudisha nyuma mara nne na bado siwezi kusema nani alikuwa wapi. Giza, vumbi, miili ya kompyuta isiyo na uzito. Yale mabilioni ya shilingi yaliyolipwa pale sikuyaona.

#10 – Mdau

Ilikula hasara kweli, au ni maneno ya mtandaoni?

#11 – Mleta uzi

Ilikula. Bajeti ya kutengeneza ilikuwa takriban dola milioni 185, bila matangazo. Dunia nzima iliingiza kama dola milioni 261, na majumba ya sinema yanachukua fungu lake humo. Wikiendi ya kwanza Marekani ilipata milioni 29 hivi. Ile ya 1991 iligharimu karibu milioni 100, ikaingiza zaidi ya milioni 500, kwa pesa za miaka ile.

Lakini tusiibebeshe Dark Fate mzigo wote. Hadithi hii imekuwa kama shamba la urithi lisilo na mzee wa ukoo. Cameron mwenyewe aliuza haki ya ile ya kwanza kwa prodyuza Gale Anne Hurd kwa dola 1, ili mradi akubaliwe kuiongoza. Baada ya hapo haki zilipita mikono mingi, kampuni moja baada ya nyingine zikifilisika au kuuza, na kila mwenye shamba mpya akang'oa mazao ya aliyetangulia. Ya 2003 ikaleta siku ya maangamizi tuliyoambiwa imezuiwa, na ikatuambia John atauawa na mashine akiwa mtu mzima. Ya 2009 ikaenda vitani bila Schwarzenegger, aliyekuwa gavana wa California, ikapachika sura yake tu. Ya 2015 ikamgeuza John mwenyewe kuwa adui, na trela ikatoboa siri hiyo kabla hatujafika ukumbini. Salvation (ya 2009), Genisys (ya 2015), Dark Fate, zote tatu zilikusudiwa kuanzisha mfululizo mpya wa muvi tatu. Hakuna hata moja iliyopata ya pili yake.

Kwa hiyo 2019 ilipokuja, pamoja na kutangazwa kuwa ni mwendelezo wa kweli wa 1991 na zile nyingine zisihesabiwe, watu walikuwa wameshaumwa na nyoka mara tatu. Wale wachache tuliokwenda bado tukiwa na imani ndio tuliopokelewa na shotgun ya Guatemala.

#12 – Mdau

Dada wa #2 hapa tena. Nimekuelewa zaidi sasa. Swali langu la mwisho: una watoto? Ukiwaonyesha hizi muvi unaanza na ipi na unaishia wapi?

#13 – Mleta uzi

Ninaye binti, ana miaka 13. Likizo ya Desemba tuliangalia ya 1984, kesho yake ya 1991. Pale mwisho hakujificha kama kaka yangu, alilia tu waziwazi, kisha akaniuliza: "Baba, John akikua anakuwa nani?"

Sikuweka Dark Fate. Nilimtafutia kile kipande cha mwisho kilichopigwa picha mwaka 1991 kikakatwa, kinapatikana kwenye matoleo ya baadaye kama nyongeza. Ni bustani ya watoto, jua linawaka. Sarah ni bibi kizee, ameketi kwenye benchi. John ni mtu mzima, amekuwa seneta, anacheza na binti yake kwenye bembea. Najua kwa nini Cameron alikikata. Barabara ya usiku ni mwisho bora, na vipodozi vya uzee vya Sarah havijakaa sawa. Mjukuu anakuja mbio kwa bibi, kamba ya kiatu imefunguka. Sarah anainama na kumfungia.

Binti yangu aliomba nikirudishe. Nikakirudisha.